Kiti Chekundu cha Mwinshehe

Mwinshehe wa Mbagala alikuwa na ugomvi na mtaa mzima juu ya neno sabufa. Kila mwenye redio ya spika nyingi huita mtambo wote sabufa, kuanzia waya mpaka rimoti, na Mwinshehe akisikia hivyo anakunja uso kama kalishwa shubiri. Sabufa, atakwambia, ni lile sanduku moja tu linalonguruma chini. Zile nyingine ni spika, na kila moja ina kazi yake: mbili za mbele, mbili za nyuma, na moja ya katikati, inayokaa chini ya televisheni, ambayo kazi yake ni maneno ya watu. Ukimsikiliza mpaka hapo, umekwisha. Utaoneshwa na waya.

Tena alikuwa haoni haya kukosoa nyumba za watu. Mbagala watu hupanga spika zote mbele, zikabebana juu ya kabati, zikafunikwa vitambaa vya kufuma, basi wameridhika. Mwinshehe akikaribishwa chai anaitazama ile mirundo, anatikisa kichwa, na kabla chai haijapoa keshamwambia mwenye nyumba kwamba spika ya nyuma ikikaa mbele ni sawa na kuvaa viatu mikononi. Wengi waliacha kumkaribisha chai.

Cha ajabu, mtu huyu mchana kutwa alikuwa ndani ya makelele. Alikuwa dereva wa folklifti kwenye yadi ya makontena Kurasini, chuma kinagonga chuma, malori yanapiga honi, matingo wa malori hayo wanatukanana. Mtu wa kawaida akitoka hapo anataka kimya. Yeye alirudi nyumbani kutafuta kelele nyingine, ila iliyopangwa. Marehemu mkewe, Zuena, alikuwaga anasema ameolewa na masikio mawili, mwanamume kapachikwa katikati.

Zuena alimwachia binti mmoja, Farida, muuzaji wa duka la dawa, mwenye ulimi wa mama yake. Baba na binti ndio walioigeuza sebule. Spika za nyuma zikapigiliwa ukutani, na katikati ya chumba, pale sauti zote zinapokutana, kikawekwa kiti kimoja cha mto mwekundu. Farida aliweka alama za miguu ya kiti sakafuni kwa rangi ya kucha, maana kikisogea kidogo tu wakati wa kupiga deki, Mwinshehe alinuna mpaka kesho yake. Kiti hicho alikaa yeye peke yake. Farida alikaa mkekani, kichwa karibu na goti la baba yake, na naye alisikia vizuri.

Muvi walizijua kwa masikio. Mwinshehe hakuwa na habari na jina la mwigizaji hata mmoja. Kulikuwa na ile ya nyambizi, ambayo maji yanadondoka nyuma ya sikio lako la kulia mpaka unajifuta shingo. Kulikuwa na ile ya msituni, ambayo mvua inaanzia mbali na kukufikia, na jirani aliwahi kutoka mbio kuanua nguo. Kulikuwa na ile ya helikopta, ambayo ndiyo mama yao. Zile zilizotafsiriwa, ambazo jamaa mmoja anasimulia kwa Kiswahili juu ya kila kitu, zilipigwa marufuku nyumba ile. Mtu anakufa kwa risasi, mvua inanyesha, na jamaa bado anapiga soga. Muuza muvi aliambiwa kwamba akiweka tena ya namna hiyo kwenye flashi, atarudishiwa flashi ikiwa imetafunwa.

Basi Farida akapata mchumba. Hudhaifa, kijana wa ukoo wa Kiarabu mwenye duka la vifaa vya ujenzi Bunju, mpole, hana neno. Mwinshehe hakuwa na la kumkosoa isipokuwa hilo la Bunju. Mbagala iko kusini ya jiji, Bunju iko kaskazini kabisa, unakaribia Bagamoyo. Ukitoka asubuhi kumsalimia mwanao unafika watu wameshaosha vyombo vya mchana. Hilo hakumwambia mtu. Aliitikia posa, Farida akataja mahari yake, cherehani na msahafu, yakabaki mazungumzo ya wazee na tarehe ya ndoa.

Aliyeletwa kuzungumza ni mjomba wa kijana, Mzee Aidarus, muuza vitambaa wa Temeke, mtu mzito, kanzu inanukia udi. Alikuja Jumamosi baada ya alasiri. Akatoa salamu, akaiangaza sebule, na kwa kuwa alilelewa vizuri na anajua kiti kizuri ni cha mgeni, akajitupa juu ya kile chekundu.

Moyo ulimlipuka Mwinshehe. Alifungua mdomo amwambie ahame. Mlangoni Farida akakohoa, kikohozi kimoja kikavu chenye matusi ndani yake, na mdomo ukafungwa. Mgeni hainuliwi kitini, sembuse mgeni wa posa. Mwinshehe akakaa kwenye kochi la pembeni, ndani ya nyumba yake mwenyewe, na shetani akamnong'oneza. Akachukua rimoti, akasema wakati juisi inaandaliwa acha amburudishe mgeni kidogo, akaweka ile ya helikopta, pale pale penyewe.

Helikopta ilianzia mbele, ikapanda, ikampitia Mzee Aidarus utosini na kwenda kutua nyuma ya kisogo chake. Mzee aliinama, akashika kofia kwa mikono miwili na kumtaja Mungu. Mwinshehe akangoja aondoke kwa hasira. Aidarus akainua kichwa polepole, akageuka kuutazama ukuta wa nyuma, akageuka tena mbele.

"Irudishe nyuma," akasema.

Siku hiyo ndoa haikuzungumzwa. Jumamosi iliyofuata waliona ile ya nyambizi, na wakati wa kuagana wakakumbuka kwamba kuna suala la mkaja. Mkaja ni haki ya mama wa bibi harusi. Sasa mama amefariki, apewe nani? Suala zito hilo. Likahitaji Jumamosi nyingine. Ikaja ishu ya mwezi gani ni mzuri. Ikaja ishu ya pilau, lipikwe Mbagala au lipikwe Temeke. Wazee wawili wakapata kipaji cha ajabu cha kutomaliza jambo. Walifikia kupeana kiti kwa zamu, nusu ya muvi huyu, nusu yule, na Mwinshehe, ambaye hakuwahi kumwachia mtu kiti kile, alikuwa anainuka mwenyewe na kusema haya, sasa wewe, mvua inakuja.

Hudhaifa alipiga simu kutoka Bunju kuuliza kuna tatizo gani. Farida angesemaje, kwamba mjomba wako yuko chini ya bahari na baba yangu? Alinuna. Aliwapa juisi isiyo na sukari, wakainywa bila kutambua. Nyumba ya Bunju ilishapakwa rangi, mwaka unakatika, na yeye kila Jumamosi anaosha bilauri za wazee. Uvumilivu ukamwisha.

Jumamosi hiyo Mzee Aidarus alikuja na flashi yake mwenyewe, ina muvi ya vita vya kale. Mizinga ikalia kushoto, farasi wakakimbia nyuma, upepo ukazunguka chumba. Kisha jemadari akapanda juu ya jiwe, akafungua mdomo mbele ya jeshi lake, na halikutoka neno. Midomo inacheza, upepo unavuma, farasi anakoroma nyuma ya kochi. Aidarus aliingiza kidole sikioni akakizungusha, akaamini uzee umefika. Mwinshehe alipiga magoti na kuchungulia chini ya televisheni. Palikuwa na nyaya mbili tu, zimechomolewa.

"Spika ya maneno iko dukani, kwenye kabati la dawa, na ufunguo ninao mie," akasema Farida mlangoni. "Wazee wangu, nyie wenyewe hamjasema neno tangu muanze kukutana. Mnataka watu wa kwenye muvi ndio waseme? Tajeni tarehe, itarudi."

Aidarus alicheka mpaka aibu ikamshika, akataja Ijumaa hapo hapo. Mkaja apewe mama mdogo wa Farida, pilau lipikwe Mbagala, kwisha. Mwinshehe alitikisa kichwa kukubali, lakini hakucheka. Mgeni alipoondoka, yeye alibaki amekaa sakafuni karibu na zile nyaya.

"Bunju ni mbali, mwanangu," akasema. "Mie sikuwa nachelewesha kwa ajili ya muvi."

"Najua, baba," Farida akajibu. "Ungekuwa mtu mwingine, hiyo spika ningeing'oa wiki ya kwanza."

Akakaa mkekani mahali pake, wakaangalia ile ya msituni bila maneno, mvua tupu.

Siku ya ndoa turubai lilifungwa uani, wanaume nje, wanawake sebuleni. Kazi ya mitambo Mwinshehe hakumpa mtu. Alivuta waya kutoka maikrofoni ya shehe mpaka ndani, akaiweka spika ya maneno mbele ya Farida, na Farida mwenyewe akakalishwa kwenye kiti chekundu ili asikie akiozwa. Mwinshehe alikataa pia kumpa shehe uwakili wa kuozesha. Binti yake atamwoza mwenyewe, kwa mdomo wake.

Hotuba ikasomwa. Shehe akamshikisha mkono wa Hudhaifa, akamsogezea maikrofoni, akampa ishara. Mwinshehe akafungua mdomo. Midomo ikacheza, hakikutoka kitu. Akameza mate, akajaribu tena, midomo ikacheza tena, na machozi yakaanza kumshuka. Watu wakatazamana. Hudhaifa akaukamata mkono ule kwa nguvu, maskini, alidhani mkwe ameghairi.

Mzee Aidarus, aliyekaa karibu kwa ushahidi, akaiinamia maikrofoni.

"Tuwie radhi, shehe," akasema. "Huyu kachomolewa spika ya katikati."

Wanaume hawakuelewa. Lakini kicheko kimoja kilitoka dirishani, nyuma ya Mwinshehe, upande wa kushoto, cha mtu anayecheka na kulia pamoja. Mwinshehe hakugeuka. Alijua kimetoka wapi, kwa sababu mwenyewe ndiye aliyekilinganisha kile kiti na zile alama za rangi ya kucha asubuhi ile. Akavuta pumzi.

"Nimekuozesha binti yangu Farida," akasema, na ndani wakamsikia vizuri.