Swali Ambalo Luhende Hakumuuliza Mkwewe

Mwaka 1994 Nyanzala alitoka Kasansa hadi mahakamani Mpanda kusikiliza kesi ya mumewe, Luhende, aliyeshtakiwa kwa wizi wa ng'ombe watatu. Shahidi mkubwa wa mashtaka alikuwa mama mzazi wa Nyanzala, Bibi Ngolo.

Bibi Ngolo hakuwa mwongo. Alieleza alichoamini amekiona: Luhende akiswaga ng'ombe kuelekea mtoni, jua likizama.

"Mshtakiwa, una swali kwa shahidi?" hakimu akauliza.

Luhende aliinamisha kichwa. Kwao Wasukuma, mwanamume habishani na mama mkwe. Hata kumtazama usoni ni aibu. Miaka tisa tangu aoe, akimwona njiani alikuwa anaacha njia na kupita porini. Leo amhoji, tena mbele za watu?

"Sina, Mheshimiwa."

Hakimu akaandika. Angeandika nini kingine?

Nyumbani kila mtu alijua macho ya bibi yule yameingia ukungu. Jioni alikuwa akifukuza mbuzi akidhani ni mbwa. Swali moja tu lingetosha. Nyanzala akasimama.

"Mheshimiwa, mama yangu haoni..."

"Keti, mama! Wewe si shahidi."

Hakuna aliyewaambia kwamba Luhende angeweza kumwita mkewe awe shahidi wake. Wangejuaje? Nje, Nyanzala alimfuata karani akamwomba mtu wa kumsemea mumewe.

"Wakili wa kulipiwa na serikali ni kwa kesi za mauaji, dada. Za ng'ombe mnajitafutia wenyewe."

Wamtafute wapi? Wakili waliyemsikia alikuwa Sumbawanga, safari ya kutwa nzima juu ya lori, na wao hata nauli ya kurudi Kasansa hawakuwa nayo. Inauma, mtu kuponzwa na adabu yake mwenyewe.

Wiki mbili baadaye Luhende alihukumiwa miaka mitano. Askari walimtoa na pingu mikononi, wakapita mlangoni alipokuwa amesimama Bibi Ngolo, jua la saa sita likiwaka. Siku nyingine bibi angefunika uso kwa khanga na kumpisha mkwewe. Safari hii alimkazia macho, hatua mbili tu kati yao.

"Pole, baba," akamwambia kwa huruma. "Na wewe wamekufunga kwa kosa gani?"

Nyanzala aliangua kilio. Luhende akageuza uso haraka, akajibanza ukutani ili asimguse mama mkwe, akapita bila kumjibu.