Nani Kakichimba Kisima cha Bibi Somoe

Mwanangu Salama, siku niliyochoka kunyamaza naikumbuka mpaka rangi ya kiti alichokalia yule bwana. Kiti cha plastiki, cha buluu, kimeazimwa msikitini. Sisi wanawake tulikaa chini kwenye mikeka. Yeye alikuwa mtu wa kampuni inayojenga barabara, yule wanayemtuma kuongea na wanakijiji, na alikuja kutueleza kwa nini visima vyetu vimeingia chumvi.

"Hii inaitwa intrusão salina," alisema, akalitamka polepole kama anayefundisha watoto. "Maana yake bahari imeingia chini ya ardhi mpaka kisimani. Ni maumbile. Hakuna wa kulaumiwa."

Kisha akatabasamu. "Tena shukuruni, akina mama. Mwaka huu hamnunui chumvi."

Baadhi ya wanaume wakacheka, wale wenye vibarua kambini kwa kampuni. Wewe ulikuwa mgongoni kwangu, midomo imekukauka. Mie nikasimama.

"Weye unacheka? Nyanyuka hapo. Twende kisimani, uchote, unywe mbele yangu."

"Mama Salama, kaa chini," sekretario wa kijiji akanikemea. "Adabu."

"Adabu nimeikalia tangu mvua zilizopita, sekretario. Imeniotesha vidonda makalioni."

Wanawake wakaangua kicheko, wengine wakaficha nyuso kwenye kanga. Mie sikucheka. Machozi yalikuwa yananitoka na sikuwa na habari nayo. "Bibi yangu tumemzika juzi," nikamwambia yule bwana. "Nenda kaburini ukamwambie yeye kwamba hakuna wa kulaumiwa."

Sasa nisikilize. Nasaha hutolewa na wazee, na mimi si mzee. Nimesoma mpaka darasa la kumi, nina mtoto mmoja, meno yangu yote yapo kinywani. Lakini aliyestahili kukwambia haya yuko chini ya mchanga, na wengine wa rika lake vita vimetutawanyia. Wapo waliobaki njiani. Wapo walioko ukimbizini Nampula hadi leo, hawajui kama bado wana nyumba. Basi itabidi uzee nikuvalie mimi, hata kama unanipwaya.

Nilikuwa msichana wa kutumwa maji wakati mjomba Bakari, mtoto wa Bibi yangu, Bibi Somoe, alipokuja nyuma ya nyumba na jembe na sururu. Kiangazi kilikuwa kimekaza. Kisima cha Bibi, pale kwenye mchanga mweupe chini ya minazi, kilikuwa kimeshuka. Si kisima kirefu kile. Mtu mrefu akisimama ndani, kichwa chake unakiona. Na Bibi alikuwa haruhusu ndoo itumbukizwe. Tulichota kwa kata, kifuu kilichotiwa mpini mrefu, tukikwangua maji ya juu tu. Unachota kidogo, unapumzisha, unapiga soga na wenzio, maji yanarudi, unachota tena. Haba na haba hujaza kibaba. Ukimwona mwanamke anatupa ndoo mpaka chini, ulijua hakulelewa huku kwetu Quionga.

"Mama, tuchimbe kidogo tu," mjomba akasema. "Maji yako chini."

Nami nikadakia kumsaidia mjomba, maana akili za shule ziliniambia ukichimba zaidi, unapata zaidi. Bibi alikuwa anakuna nazi. Akainuka na mbuzi yake, akaiweka kwenye mdomo wa kisima, akaikalia, miguu kaining'iniza ndani.

"Chimba," akamwambia mwanawe. "Anza na mimi."

"Mama, jamani..."

"Maji ya juu ndiyo yetu, Bakari. Ya chini yana wenyewe. Kama husadiki nenda kwa jirani."

Mjomba hakuwa na haja ya kwenda. Jirani alikwisha chimba kiangazi cha nyuma yake. Alipata maji tele, akatamba kijiji kizima, kisha yakaja ya chumvi na hayakurudi tena kuwa matamu. Mpaka leo kile ni kisima cha kuoshea nyavu na kulowekea samaki wa kukausha. Bibi akanigeukia mimi. "Na weye mwenye shule yako, usiwe mwepesi wa kusema chimba. Kisima hakina mlango wa kurudishia."

Sitakudanganya kwamba Bibi alikuwa mtaalamu. Hakuwa. Ukimuuliza kwa nini chini kuna chumvi, alikwambia maji hukasirika yakikanyagwa kichwa. Alijua linalotokea, hakujua sababu yake, na sababu aliyoitoa ilikuwa ya kubuni. Lakini amri yake watu wa nyumba yake waliishika. Hakuna aliyechimba. Hilo ulishike na wewe, maana ndilo lililonipeleka Palma, ofisini kwa serikali.

Tuliporudi kutoka ukimbizini, nyumba ilikuwa majivu. Minazi mingine imeungua vichwa, imesimama kama nguzo. Kisima kilikuwepo. Bibi akaondoa majani yaliyooza, akasubiri maji yatulie, akachota kata moja, akaonja. Akakaa chini palepale akalia. "Tunaweza kukaa," akasema. Hati ya nyumba yetu ndiyo hiyo, mwanangu. Nyingine hatukuwa nayo.

Kisha ikaja barabara. Barabara ya udongo hushindiliwa kwa maji: malori yanamwaga, mashine nzito inapita juu yake, udongo unakaza. Maji hayo yatoke wapi? Kampuni ikatoboa furo, kisima cha bomba kinachokwenda chini kuliko vyetu, nyuma ya ua wetu upande wa bara, ikakifungia mota. Baba yako akapata kazi ya kuendesha lori la maji. Tulifurahi, sikufichi. Nilimpikia pilau. Bibi peke yake hakushangilia; alitafuna, akasema, "Usiache mbachao kwa msala upitao," akaomba aongezewe nyama.

Mota ilivuma kutwa, ikavuma kucha. Tulizoea kama mtu anavyozoea mkoromo wa mumewe.

Chumvi haikuja kwa kishindo. Ilianza kwa sabuni kukataa kutoa povu. Maharage yakawa hayaivi. Unayachemsha mpaka kuni zinakwisha, ukiyatafuna yanalia kama changarawe. Chai ikabadilika. Mwisho wewe ukaanza kukataa uji, ukigeuza uso, nami nikakupiga kijikofi nikidhani ni deko. Siku nilipouonja kwa makini, nikaikuta chumvi, nikaumwaga.

Kufikia hapo Bibi alikuwa kitandani. Ugonjwa wake ulikuwa wa siku nyingi, sisemi kisima kilimuua. Mwongo hana maana, na kesi yangu haihitaji uongo. Baba yako alikuwa anamletea maji ya lori kwenye dumu, matamu bado, kwa sababu bomba lile, lililo mbali zaidi na bahari, lilikuwa linanyonya yale yale yaliyokuwa yetu. Siku moja alasiri Bibi akayasukuma.

"Hayo ya barabarani. Nipe ya kwangu."

Ningefanyaje? Ningemdanganya? Nilikwenda nikakwangua juu, polepole, kwa kata yake mwenyewe, nikimwomba Mungu yawe na utamu hata kidogo. Nikamtilia kinywani. Alikaa nayo muda. Hakuyatema. Akayameza, akanitazama kama anayemtazama mwizi aliyemlea mwenyewe.

"Mjukuu wangu," akasema, "nani kakichimba kisima changu?"

"Hakuna, Bibi. Wallahi hakuna."

"Kimechimbwa," akasema. Akageukia ukutani.

Hakusema neno lingine la kueleweka isipokuwa shahada. Amekufa akiamini kwamba tulisubiri alale kitandani tukamvunjia amri yake. Maji yakimwagika hayazoleki, na mtu akishakata roho huwezi kumwendea na maelezo. Sasa utaelewa kwa nini kile kicheko cha mkutanoni kilinipandisha pepo.

Mkutano ulipovunjika, msichana mmoja alinifuata mpaka nyumbani. Anaitwa Celeste, fundi wa maji aliyetumwa kutoka mkoani kupima visima, si mtu wa kampuni. Kiswahili chake cha kuokoteza, nikamsaidia kwa Kireno changu cha darasa la kumi. Alitumbukiza kifaa chake kisimani, akasoma, akatikisa kichwa.

"Pole, dada. Lile neno ni la kweli. Ni intrusão salina."

"Kwa hiyo na wewe unasema bahari imejitembelea?"

"Hapana. Ngoja." Akachuchumaa. "Ukiacha mchuzi wa nazi ukapoa, mafuta yanakaa wapi?"

"Juu."

"Ndivyo ilivyo hapa chini ya miguu yetu. Maji ya mvua ni mepesi, yamekaa juu ya maji ya bahari ambayo ni mazito. Ukichota juu kidogo kidogo, mvua inarudisha. Ukivuta kwa nguvu, ya juu yakishuka kidogo, ya chumvi yanapanda mara nyingi kuliko hicho kidogo. Si lazima mtu ashike jembe. Pampu inachimba kisima chako ikiwa kwenye ua wa jirani."

Nilikaa chini kwenye mchanga. Nani kakichimba kisima changu? Jibu lilikuwa linavuma nyuma ya ua, na Bibi alikuwa amelisikia kila siku bila kulijua.

"Neno lile lina masharti," Celeste akaendelea. "Kwa sisi wenye kazi halisimami peke yake. Ukiliandika, unaandika na kilicholeta: ukame, au bahari kupanda, au watu kuvuta maji kupita kiasi. Ukiishia kwenye neno tupu, hujamaliza kazi."

"Na hapa ni kipi?"

Akainua kidole, tukanyamaza wote wawili. Mota ilikuwa inavuma. "Si unakisikia?"

Aliniambia ataandika kwenye ripoti yake, lakini ripoti huenda ikalala kabatini. Lalamiko la mwananchi lililopigwa muhuri ni lazima lijibiwe. Aliniambia na jingine, ambalo ndilo lililoniondolea usingizi: mota ikizimwa sasa, mvua za misimu kadhaa zinaweza kukisafisha kisima. Ikiendelea, tutakufa sisi, utazeeka wewe, na bado kitakuwa cha kulowekea samaki.

Nikamwambia baba yako. Alikuwa anakula. Akaacha kula.

"Ukipeleka karatasi hiyo, mie kazi sina."

"Najua."

"Mtoto atakula nini?"

"Na atakunywa nini?"

Hatukusemeshana siku kadhaa. Hata wewe ulikuwa ukilia kwa sauti ya chini. Kisha asubuhi moja akiwa anafunga viatu akasema bila kunitazama, "Andika kwamba haipumzishwi. Jumapili wala Ijumaa. Mie ndiye ninayejaza, mie najua. Na jina langu liweke." Akatoka. Mwenye kovu usidhani kapoa; naye Bibi alimlea kama mwanawe, na lile swali la mwisho lilikuwa limemchoma na yeye.

Basi, mwanangu, shika ninayokuusia. Usiogope neno kubwa, na usilitukane pia. Nililichukia lile neno, kumbe neno halikuwa na kosa, lilikuwa limekatwa mkia. Mtu akikutajia jina la balaa iliyokupata, mshukuru, kisha muulize imeletwa na nini. Akikwambia hakuna wa kulaumiwa kabla hujauliza, shika mkono wake usiuachie. Soma. Soma zaidi yangu, uweze kuongea na akina Celeste bila kuomba kuchorewa. Amri za wazee usizitupe kwa kuwa sababu waliyoitoa ni ya hadithi. Itafute sababu ya kweli, huenda ukaikuta imelala chini yake. Na hasira yako itumie ikiwa bado moto. Mungu akukuze, Salama. Akupe ulimi usiotetemeka mbele ya meza ya mtu. Akujaalie watoto, uwachekeshe kuliko nilivyoweza mimi mwaka huu, na asikufikishe pa kuulizwa swali na mtu anayekufa ukakosa jibu. Amina.

Niliyopeleka Palma, kwenye ofisi ya distrito, yaani ya wilaya, ni haya. Nimeyaandika kwa Kireno, hapa nakugeuzia. Karani alitaka niyafupishe. Nilikataa, nikasimama pale mpaka muhuri ulipogonga.

"Mimi, mkazi wa kijiji cha upande wa Quionga, mama wa mtoto mmoja, nawasilisha lalamiko dhidi ya kampuni inayojenga barabara yetu. Visima vyetu vimeingia chumvi. Mwakilishi wa kampuni ametuambia hii ni intrusão salina. Sikatai neno hilo. Nadai limaliziwe. Chumvi imepanda kwa sababu furo la kampuni, lililotobolewa karibu na visima vya watu, linavuta maji usiku na mchana bila kupumzishwa, na shahidi wangu ni mume wangu, dereva wa lori la maji hayo. Naomba mota izimwe sasa, kisima kikiwa bado kinaweza kupona, na kampuni itafute maji mbali na makazi. Naomba watoto waletewe maji ya kunywa mpaka visima vitakaposafika, na vipimwe mbele ya macho yetu. Mwisho naomba jibu la maandishi, lisomwe kwa sauti mbele ya kijiji kizima, na ndani yake yawemo maneno haya: hakuna mtu wa nyumba ya marehemu Bibi Somoe aliyekichimba kisima chake."