Kadi Isiyo ya Karatasi

Shangazi wa bibi harusi ndiye aliyeshikia bango: karatasi zimepitwa na wakati, mialiko iende kwa simu. Ikaenda. Sasa anapita nyumba hadi nyumba kuuliza kama imefika. Hata anayejibu imefika haponi: shangazi hupangusa kioo cha simu yake kwa ncha ya mtandio, akamkabidhi kwa mikono miwili, akainama kidogo. Jirani mmoja kikongwe, asiyemiliki simu, aliipokea vivyo hivyo, akashukuru, akaipanga kwenye kabati pamoja na kadi za harusi nyingine, akafunga kwa ufunguo. Shangazi akasifu chai. Mara kabati likaanza kuimba. Kikongwe akatabasamu. "Umesema kweli, mwanangu. Za karatasi haziimbi."