Makofi ya Dada Yangu

Cheka ukitaka. Ushahidi ni huu mkono wangu wa kushoto, ulivyolala pajani kama mzigo wa mtu mwingine.

Dada yangu Perusi alipata kiharusi akiwa shambani kwake Busunzu, mkono wa kushoto ukapooza. Nikamleta kwangu Kasulu apate tiba ya umeme. Kliniki walimbandika vibandiko viwili mkononi, mashine ikapitisha umeme mdogo, vidole vikacheza. Mtaalamu alituambia wazi kwamba tiba inasaidia, ila polepole, tena kwa mazoezi. Dada hakutaka polepole. Kilichomuuma zaidi ni salamu. Sisi Waha tunasalimiana kwa makofi, naye alikuwa akipiga paja kwa mkono mmoja huku machozi yanamlengalenga. Nilimhurumia, haki ya Mungu.

Jioni moja nikiwa nashona sketi za shule, umeme ukakatika mtaa mzima. Papo hapo akaingia mgeni, koti jeupe, mkononi mashine kama ile ya kliniki. Akainama kidogo, akapiga makofi ya salamu. Niamini, viganja viligongana mbele ya macho yangu na sauti haikutoka!

"Mwidiwe," dada akamsalimia, wala hakushtuka. "Ni mtaalamu. Nimemwita mimi."

Mgeni akambandika dada kibandiko kimoja. Cha pili akakileta kwangu. Kliniki vyote viwili hukaa kwa mgonjwa, nilikuwa nimeona kila tulipokwenda.

"Mbona mimi?"

"Umeme lazima utoke mahali," akasema.

Nikamtazama dada.

"Mpe mkono, mdogo wangu. Ni mimi ninayekuomba."

Nikautoa. Wewe ungemkatalia dada yako?

Waya wa mashine ulikuwa unaning'inia tu, haujachomekwa popote. Hata ungechomekwa, ungepata umeme gani? Lakini nilisikia kitu kikinitambaa kutoka begani hadi vidoleni, kikatoka, hakikurudi. Dada akakunjua vidole vyake kimoja kimoja, akacheka. Nilipogeuka, mgeni hayupo. Mkono wangu ukaanguka juu ya sketi.

"Dada, ulijua?"

Hakuniangalia. "Wewe kazi yako ya kukaa. Jembe linataka mikono miwili."

Asubuhi akarudi Busunzu, mzigo kabeba mwenyewe. Cherehani yangu nimeifunika shuka. Mimi ndiye ninayekwenda kliniki sasa, na wanashangaa vidole havishtuki hata kidogo. Sijawaambia. Nitawaambia nini? Kwamba nimeibiwa na mtu niliyekuwa nikimlisha na kumwogesha?

Basi, akija mtu na mashine nyumbani kwako, sikiliza kwanza makofi yake. Na kibandiko cha pili ukikatae, hata kama anayekuomba mmenyonya ziwa moja.

Juzi tulikutana na dada msibani Kibondo. Akanisalimia kwa makofi mbele ya watu, yanalia vizuri kweli. Nami nikamwitikia kwa kupiga paja, kwa mkono mmoja.