Saa Yangu na Bustani ya Bi Tatu

Jamani, mie haya ninazo kama nyie, ila siku ile niliziacha nyumbani Temeke, ndiyo maana mpaka leo nikipita Kurasini nainamisha uso hata mbele ya watu wasionijua.

Ilikuwa enzi za Mwingereza, nami nilikuwa tarishi katika ofisi moja ya mizigo huko bandarini, kijana wa mafuta nyweleni na kanzu iliyopigwa pasi mpaka ikasimama yenyewe, na mkononi nina saa. (Msicheke, zama zile mtaa mzima ungeweza kukosa mtu mwenye saa ya mkono.) Mzungu mmoja wa ofisini alinipa alipokuwa anarudi kwao, na alinipa kwa sababu imekufa, mishale haisogei hata uipigie ngoma, lakini hilo nilikuwa nalijua mie na Mungu wangu tu. Nikiulizwa saa, naitazama, nakunja uso, nasema lolote linalonijia.

Basi nikampenda Mwajuma, aliyelelewa na shangazi yake, Bi Tatu, huko Kurasini. Huyo Bi Tatu, mwacheni! Kiwanja chake kilipochukuliwa kujengwa maghala, wenzake walilia, yeye akaokota mapipa matupu, akayafunga kwa boriti za mikoko, akapanga juu yake masanduku ya chai yaliyojaa udongo, akakifunga chelezo chake kwa kamba kwenye mkono wa bahari nyuma ya nyumba aliyohamia. Bustani ikawa inaelea, maji yakijaa inapanda, yakikupwa inashuka.

Na masanduku yenyewe aliyapanga kwa saa! La kwanza maua yanafumbua alfajiri, linalofuata jua likipanda, saa nne hivi, kisha bamia, ambazo maua yake hunywea adhuhuri, kisha yale maua tunayoyaita alasiri, hayafunguki mpaka alasiri kweli, kisha asumini za magharibi, na mwisho kifauongo, kinacholala giza likiingia (na mchana ukikigusa kinajifanya kimekufa, kitundu hicho). Makuli wa bandarini walikuwa wanapita kumuuliza saa, anatupa jicho bustanini, anawajibu, wala hakosei. Nimeona mashine nyingi maishani, akili kama ile sijaiona.

Siku ya posa ikafika. Kidesturi mposaji hubaki nyumbani akingoja majibu, na baba mkubwa alinikanya, "Wewe kaa, tutakusemea," lakini mie nikajitia kimbelembele, nikafuatana naye pamoja na mshenga wetu, Mzee Kondo, mkono wa kushoto wa kanzu nimeukunja peke yake ili saa ionekane. Hapo ndipo nilipojichimbia kaburi.

Bi Tatu akatupa heshima ya kutukalisha juu ya bustani, mkekani, katikati ya maua, na mazungumzo yakaenda vizuri mno, mpaka Mwajuma alipoleta kahawa na halua. Bi Tatu akatazama masanduku yake, akasema kwa upole, "Wazee wangu, alasiri zinafunguka. Leo zikifunguka ndipo maji yanapoondoka, tuhamieni barazani."

Ningenyamaza! Lakini Mwajuma alikuwa bado amesimama pale, nami nilitaka anisikie. Nikaitazama saa, nikakunja uso.

"Samahani shangazi, bado mapema. Hii inasema saa nane na robo. Maua yako leo yametangulia."

"Saa ya Kizungu hiyo," baba mkubwa akadakia kwa fahari, "haidanganyi!"

Bi Tatu akayatazama maua, akanitazama mie. "Haya. Mgeni kwangu habishiwi." Akamshika Mwajuma mkono, wakashuka pwani kuongeza kahawa.

Sie tukabaki tunakula halua, watu watatu tumejazana upande mmoja, na maji chini yetu yanakupwa. Ghafla pipa moja likakwama kwenye tope, la pili bado linaelea, chelezo kikainama, sinia likaondoka, vikafuata vikombe, akafuata Mzee Kondo, baba mkubwa akanishika kanzu, nami nikashika sanduku la kifauongo, tukaporomoka sote matopeni, puu! Wazee wazima na kanzu zao nyeupe, matope mpaka ndevuni. Makuli waliokuwa wanapita wakakaa chini kwa kucheka. Baba mkubwa akapangusa tope ndevuni, akaitazama ile saa isiyodanganya, na hilo ndilo lililoniuma.

Mwajuma akaja na ndoo ya maji, akanishika mkono kunisafisha, akaipangusa ile saa, akaiweka sikioni. Akasikiliza.

"Shangazi, hii kimya."

"Kimya vipi?"

"Imekufa. Kifauongo chetu kizima kinajifanya kimekufa. Ya huyu imekufa, anaifanya nzima."

Bi Tatu alicheka mpaka akajishika mbavu, kisha akawageukia wazee wangu. "Posa siikatai, lakini siipokei leo. Huyu aje anisaidie kupandikiza upya. Siku atakayoniambia saa kwa maua, mbele yenu, ndiyo siku ya kuzungumza."

Nilikwenda kila nikitoka kazini, masika yote, nikapandikiza, nikakosea, nikasahihishwa na bamia. Mwajuma nikampata, alhamdulillahi, na saa nikaiacha kwenye tope lile lile. Mpaka leo sivai saa, na mtu akiniuliza saa ngapi, nachungulia kwanza makopo ya maua ya mke wangu dirishani, na kama kuna mawingu na maua yamefumba, namjibu "sijui". Neno dogo hilo, jamani, lingetuokolea kanzu tatu.