Pozolana, na tangi nililokataa kulijaza

Siku yangu ya kwanza kazini sikupewa mwiko. Nilipewa chekeche. Ilikuwa Majengo, mjini Moshi, mwaka ule ule wa Uhuru, na nyapara wetu, yaani msimamizi wa vibarua, aliniuliza nimesoma mpaka wapi. Nikamwambia darasa la pili.

"Basi chekecha mchanga," akasema. "Mchanga hauna herufi."

Wenzangu wakacheka. Nami nikacheka, maana njaa haikuniruhusu kununa. Lakini nilijiapia kwamba mtu huyu ataniita fundi kwa mdomo wake mwenyewe, na haikupita miaka mingi akaniita.

Nayaandika haya kwa ajili yenu vijana mnaojenga kwa saruji mnayoshushiwa mlangoni. Sitawaomba radhi kwa lugha yangu. Kwetu Kilema tulisema Kichagga. Kiswahili nilijifunza kwa watu wa Majengo, juu ya jukwaa la miti, na elimu ya miamba nilijifunza kwenye ndoo. Hiyo ya ndoo ndiyo ninayotaka kuieleza, kwa sababu ndani yake kuna neno moja ambalo siku hizi mnalitamka ovyo au hamlijui kabisa.

Kutoka kwa nyapara nilichukuliwa na idara ya ujenzi. Nilijenga madarasa Himo na nyumba za walimu Marangu, na mkubwa wangu huko alikuwa Msimamizi wa Ujenzi, Mpare mmoja mkavu wa maneno aliyetembea na timazi mfukoni. Timazi ni kamba yenye kipande cha chuma nchani, ya kukuonyesha kama ukuta umesimama wima. Aliining'iniza ukutani, akafumba jicho moja, halafu akasema neno moja kati ya mawili: "Endelea" au "Bomoa." Siku moja nilianza kumweleza kwamba mvua ilituwahi, na kwamba maji ya kuchanganyia yalikuwa machafu. Akanisikiliza mpaka mwisho, kwa adabu kabisa, kisha akasema, "Bomoa." Kwa mtu huyo nilijifunza kwamba ukuta hausikii maelezo.

Baada ya vita vya Uganda saruji ikapotea. Mfuko mmoja ulihitaji kibali, kibali kilihitaji mtu unayemjua, na mtu unayemjua naye alikuwa anajenga kwake. Tulikaa na miiko yetu kiunoni kama wapishi wasio na unga. Ndipo idara ikaletewa kijana mtaalamu wa miamba, mzaliwa wa Ukerewe, aliyetoka chuo kikuu. Sisi mafundi tulimwita Bwana Miamba. Alikuwa na viatu vibovu kuliko vyangu, na hilo lilinifanya nimpende.

Alinichukua mpaka kwenye vilima vya upande wa Himo, vile vidogo vya mviringo vinavyokaa miguuni pa mlima. Akachimba kidogo kwa sururu, akanijaza kiganja unga wa kijivu wenye wekundu kwa mbali.

"Fundi, hiki ni nini?"

"Majivu."

"Ya nani?"

"Ya mlima. Nani mwingine ana jiko kubwa hivi?"

Akacheka mpaka akakaa chini. "Yana jina lake," akasema. "Pozolana."

Sasa sikilizeni vizuri. Jina hilo limetoka kwenye mji mmoja wa Italia ulio jirani na volkano, yaani mlima wa moto. Watu wa kale wa huko walichimba majivu ya mlima wao, wakayachanganya na chokaa, wakajenga nayo hata ndani ya maji ya bahari. Wataalamu wa miamba wakalichukua jina, wakaliita hivyo jivu la namna hiyo popote linapopatikana. Hiyo ni maana moja. Wajenzi nao wakalipanua. Kwao pozolana ni unga wowote ambao peke yake haushiki kitu, lakini ukikutanishwa na chokaa na maji hugeuka kuwa jiwe. Kwa matumizi hayo hata tofali la kuchoma lililosagwa ni pozolana, hata majivu ya pumba za mpunga. Bwana Miamba alitaka nizijue maana zote mbili. Hakusema kwamba moja ni yake na nyingine ni ya watu wa darasa la pili.

Halafu akaniletea ndoo ya maji. Akafinyanga madonge mawili, moja la chokaa na mchanga, jingine la chokaa na pozolana, akayaacha yakauke kidogo kivulini, kisha akayazamisha. Kila Jumatatu tulitia mkono ndani. Donge la kwanza likawa uji. La pili likawa gumu, huko huko majini, mpaka siku nilipolipiga nyundo likapasuka kwa mlio wa jiwe.

"Lakini lina kasoro moja," akaniambia. "Saruji inashika leo na kesho. Hii haina haraka. Inataka unyevu na inataka wiki nyingi. Ukiilazimisha inakufa, na ikifa haifufuki."

Neno likashuka sokoni Himo, na huko likaharibika. Kila udongo mwekundu ukaitwa pozolana. Mwenye kilabu kimoja cha mbege, pombe yetu ya ndizi, alichota udongo nyuma ya choo chake, akauchanganya na chokaa, akapiga plasta, na masika yalipokuja plasta ikawaangukia wanywaji. Akaja kunilaumu mimi.

"Umetumia udongo wa migomba," nikamwambia.

"Mbona ni mwekundu?"

"Hata jogoo ana wekundu. Mjengee basi."

Hapo ndipo kazi ya tangi ilipokuja. Kijiji kimoja cha juu ya Kilema, alikozaliwa mke wangu, kilikuwa na chemchemi nzuri juu ya msitu lakini hakikuwa na pa kuhifadhia maji. Mfongo wao wa zamani, mfereji uliochimbwa na mababu, ulikuwa umebomoka, na wanawake walishuka korongoni na madebe, wakapanda nayo kichwani kwenye utelezi. Mama mkwe wangu alikuwa mmoja wao, na goti lake moja lilikuwa limeshaanza kukataa. Idara ikanipa kazi hiyo niwe fundi mkuu. Saruji hakuna. Bwana Miamba akasema tujenge kwa mawe, chokaa iliyokuja kwa treni kutoka Tanga, na pozolana ya Himo.

Watu walifanya kazi ya kujitolea kama siafu. Wanaume walibeba mawe, wanawake walichekecha pozolana mpaka wakawa na nyusi za kijivu. Tulimaliza kuta, tukapiga plasta ndani, tukalifunika tangi lote kwa majani makavu ya migomba, na kila asubuhi tukayamwagilia ili plasta isikauke upesi. Bwana Miamba alipitisha mkono ukutani, akaridhika. Juma lile lile akapata barua ya uhamisho kwenda Mbeya. Akaniaga barabarani.

"Miezi miwili, Fundi. Usilitwishe maji kabla ya hapo. Jaribu kwa msumari. Ukiingia, ngoja."

"Na wakinilazimisha?"

"Mimi nitakuwa Mbeya," akasema. "Wewe ndiye utakayekuwa tangini."

Hazikupita siku nyingi akaja Katibu Kata. Alikuwa mtu wa kwetu, mwenye sauti ya kanisani na elimu kama yangu. Alikuja na tabasamu, na mimi tabasamu la ofisini nalijua.

"Fundi, tumepata bahati. Mgeni kutoka mkoani atakuja kufungua tangi letu. Wiki ijayo, Jumamosi. Lijaze."

"Halijashika, Ndugu Katibu."

"Mbona nimelipiga ngumi limeniumiza?"

"Umepiga jiwe. Piga kati ya mawe."

Nikatoa msumari, nikauchomeka kwenye kiungo. Ukaingia kama kwenye ndizi mbivu. Akautazama, akanitazama.

"Weka maji kidogo basi. Ya kuonekana."

"Ukifungua bomba, utasimama wewe kuyahesabu? Maji ya chemchemi yakianza kuingia mbele ya mgeni, hutasema yatosha. Utataka ayaone yakifika juu."

"Watu wana kiu, Baba Aloisi. Mama mkwe wako ana kiu."

Alijua pa kupiga. Na hakukosea, kwa maana nyumbani nilikuta maneno yamenitangulia. Mke wangu alikuwa anamenya ndizi, hakuinua uso.

"Leo mama ameteleza korongoni," akasema. "Debe limepasuka. Wewe umekalia tangi kama kuku."

"Likipasuka tangi je?"

"Nani amesema litapasuka? Yule mtoto wa ziwani aliyekwenda zake Mbeya?"

"Huyo huyo."

"Unamwamini kuliko sisi wote?"

"Naamini msumari," nikamwambia. Alinipa chakula bila kunikaribisha, na mwenye ndoa anajua hiyo ina uzito gani.

Kijijini waliniita Pozolana. Mtu mzito wa kuelewa akawa pozolana. Ng'ombe aliyekataa kusimama, pozolana. Vijana wakinipita njiani walisema, "Shikamoo, Mzee Pozolana," nami nikajibu marahaba, kwa sababu shikamoo ni shikamoo. Nilijua vilevile kwamba tangi likipasuka kijiji hakitapata jingine. Wangesema mawe yamewashinda, majivu yamewashinda, na mama mkwe wangu angeshuka korongoni mpaka siku ya kuzikwa. Kwa hiyo jina langu halikuninyima usingizi. Lililoninyima usingizi ni goti lile.

Siku mbili kabla ya sherehe nilipanda na spana. Nikafungua kipande cha mwisho cha bomba, kile chenye koki kinachoingiza maji tangini, nikakitia kwenye gunia, nikakibeba begani mchana kweupe mbele ya kila mtu. Mabomba wakati ule yalikuwa adimu kuliko saruji, kwa hiyo hawakuwa na cha kuweka badala yake.

Katibu na mgambo wawili wakaja kihambani kwangu, kwenye migomba ya nyumbani.

"Kipande kiko wapi?"

"Kipo."

"Kipo wapi?"

"Mahali pakavu. Hakitapata kutu."

"Hii ni mali ya umma, ndugu."

"Na tangi pia. Ndiyo maana nimekificha."

"Nitakufungia."

"Nifungie. Nikiwa ndani huwezi kunituma."

Wakanifungia kwenye ghala la kahawa la kijiji, juu ya magunia. Nimelala mahali pabaya kuliko hapo. Jumamosi nilisikia magari, kisha ngoma, kisha hotuba ndefu ambayo sikukosa chochote kwa kutoiona. Yaliyofuata nilisimuliwa na mgambo mmoja alipokuja kunifungulia, akiwa bado anajifuta machozi ya kicheko. Mgeni alikata utepe, akapiga makofi, akauliza maji yako wapi. Katibu akaanza kukohoa. Mama mkwe wangu, amesimama mbele na mkongojo, akasema kwa sauti ya kilabuni:

"Maji yamefungwa ghalani pamoja na mkwe wangu. Anasema tangi bado bichi."

"Na wewe unasemaje, mama?" mgeni akauliza.

"Mimi nasema ni mkaidi. Lakini nyumba aliyonijengea haivuji."

Watu wakaangua kicheko. Mgeni hakucheka. Akapanda gari, akaondoka bila kula mbuzi, na hasira yake ikashuka ngazi kwa ngazi mpaka ikanifikia mimi niliye chini. Jumatatu nikaambiwa kwamba si fundi mkuu tena. Nitakwenda Himo, genge la vibarua wa barabara, kujenga makalvati, yale mabomba makubwa ya kupitisha maji chini ya barabara. Hakuna aliyeniuliza neno. Mpare wangu alikuwa amestaafu, naamini angesema "Endelea."

Kabla ya kwenda niliendelea kupanda kijijini kila siku na msumari wangu, na watu wakinitazama. Mke wangu naye akaanza kupanda nami, akamwagilia majani. Miezi miwili ilipotimia nikauweka msumari kwenye kiungo, nikaugonga kwa nyundo, ukapinda. Nikajaribu kuta zote nne. Misumari yote ikapinda. Nikateremka, nikakitoa kipande cha bomba kwenye gunia, nikakifunga mwenyewe, nikafungua koki. Hapakuwa na ngoma wala utepe. Palikuwa na wanawake na madebe yao, na tangi likajaa mpaka ukingoni, na nje ya kuta hakukutoka hata jasho. Mama mkwe akakinga debe la kwanza. Akanipa mimi kikombe kabla ya kunywa yeye. Hilo kwetu si jambo dogo.

Makalvati niliyajenga mpaka nikastaafu, katikati ya miaka ya themanini. Saruji ilikuwa imerudi, na pozolana ikasahauliwa kana kwamba ilikuwa ugonjwa. Mafundi vijana wakisikia neno hilo hudhani ni dawa ya ng'ombe. Basi mmeambiwa sasa. Ni jivu la mlima wenu wenyewe, mnalolikanyaga mkienda mnadani, na likipewa chokaa, unyevu na muda linakuwa jiwe ambalo halihitaji kibali cha mtu. Msije mkaniambia neno la wasomi si letu. Nimelilipia kwa cheo changu na kwa kulala juu ya magunia ya kahawa. Ni langu kuliko la mwenye shahada aliyelisoma akalisahau.

Wengine huniuliza kama ningerudia. Ningerudia, na ningelibeba bomba zima.

Katibu yu hai, mzee kama mimi. Tunakutana misibani na harusini, tunachangia kata moja ya mbege, na ikifika nusu lazima aniite mbe, yaani bwana, na kusema lile lile: "Lingeshika, mbe. Ungeliacha tulijaze ile Jumamosi, lingeshika." Huenda. Hakuna awezaye kuthibitisha, na mimi sikujenga kwa huenda. Kwa hiyo humjibu ajenge la kwake, kwa chokaa na pozolana, alijaze wiki ya pili, nami nitaleta kiti nije kutazama.

Mpaka leo hajajenga.