Fiston, mpelelezi aliyevaa tabia zangu

Mpaka saa hii naikataa habari hii. Fiston, mwenzangu wa kazi hapa biro ya commune, ofisi ya mtaa, yule mnayemjua kama mpelelezi Mukeba wa kwenye televisheni, ametutoka jana asubuhi. Homa ya siku tatu tu!

Wote mnaandika kwamba alizaliwa awe Mukeba. Samahani: aliyeitwa kwanza ni mimi.

Réalisateur, mwongoza mchezo huo, alikuja kwetu kuomba kibali cha kupiga filamu mtaani Shituru, kwenye nyumba za zamani zinazofaa mchezo wa wakati wa Sécession, jimbo letu lilipojitenga. Aliniona nikigonga muhuri. “Weye! Natafuta mupelelezi mwenye kuogopa-ogopa hivi.”

Nami nikafanya nini? Nikamwandikia chef wetu wa biro barua ya kuomba ruhusa, nakala tatu, nikangoja sahihi.

Fiston hakuandika kitu. Aliinuka kwenye meza ya pili: “Patron, miye niko libre, nafasi ninayo tangu leo.”

Siku ya nne barua ilirudi: imekubaliwa. Fiston alikuwa amekwisha kuvaa kofia ya Mukeba. Barua ninayo bado.

Mnapenda Mukeba anavyotazama mlango mara tatu kabla ya kusema? Anavyokunja leso mara nne mbele ya askari gendarme? Ni mimi yule! Alinisoma hapo mezani, huku akiandika kwa kalamu yangu.

Sokoni watu walimpigia kelele, “Mukeba! Mukeba!” Mimi pembeni, nimeshika mfuko wake wa samaki ndakala. Nilimwonea wivu.

Kila Lundi, siku inayofuata mchezo wa Jumapili, aliniuliza: “Crispin, uliangaria jana?”

“Hapana. Courant ilikatika.”

“Tena? Mitambo ya umeme ya Koni iko hapa karibu, Likasi yote inawaka, inakatika kwako tu, kila Dimanche?”

Biro nzima ilicheka. Yeye hakucheka. Alikuwa anangoja jibu.

Juzi hospitalini alinishika mkono. “Sema kweli, ndugu. Nilikufanya muzuri, mule mu Mukeba?”

Nikatazama mlango. Mara tatu.

“Courant ilikatika,” nikasema.

Akafumba macho. Nikaondoka nikijiambia nitamwambia kesho.

Fiston, hata leo nakuonea wivu, nikiona mji mzima unavyokulilia. Lakini sehemu zote za mchezo nilizitazama, mlango nimeufunga, nyingine mara mbili. Ulinifanya vizuri kuliko ninavyojifanya mwenyewe.

Lala, ndugu yangu, lala salama. Courant ilikuwapo. Kila Dimanche.